Kalamu ya Salme binti Said

Tunapowahesabu wanawake wa pwani walioacha maandishi katika karne ya 19, jina la Mwana Kupona hutangulia, na ni haki yake. Leo, wapenzi wa lugha, napenda tumtazame mwanamke mwingine wa zama zile: Salme binti Said, aliyezaliwa Mtoni, Unguja, mwaka 1844, bintiye Sultani Seyyid Said.

Katika jumba lile wasichana walifunzwa kusoma Kurani, kuandika hawakufunzwa. Salme alijifunza kwa siri, akinakili herufi za msahafu juu ya mfupa wa bega la ngamia, uliokuwa ndio ubao wa wanafunzi wa siku hizo. Ujuzi huo ulimponza mapema. Mwaka 1859, Barghash alipokula njama ya kumpindua nduguye Majid, binti huyu wa miaka 15 ndiye aliyekuwa mwandishi wa barua za waasi.

Baadaye alimpenda mfanyabiashara Mjerumani, Heinrich Ruete, akabatizwa Aden mwaka 1867 na kuitwa Emily. Mumewe alifariki mwaka 1870, akamwacha Hamburg na watoto watatu wadogo. Kumbukumbu alizoanza kuwaandikia wanawe zilichapwa kwa Kijerumani mwaka 1886. Humo tunakutana na wanawake ambao mabalozi na wasafiri wa kiume hawakuruhusiwa kuwaona: mama yake Jilfidan, suria Mcherkesi; dada yake Khole; na Azza binti Sef, mke mkuu, aliyeogopwa na jumba zima. Yumo pia bibi wa ukoo huo aliyeshika utawala wa Oman Seyyid Said alipokuwa mtoto.

Kitabu chake cha barua, anazomwandikia rafiki wa kike aliyebaki Unguja, hakikuchapwa uhaini mwake. Alifariki mwaka 1924. Barua zikatoka kwa Kiingereza mwaka 1993. Kwangu mimi, hizi ndizo zenye uzito zaidi. Fahari ya kwao imepungua. Imebaki baridi, lugha ngeni, ujane na fedha haba.

Hata hivyo, tusimsome kwa macho yaliyofumbwa. Miaka 13 baada ya soko la watumwa la Unguja kufungwa, Salme bado aliutetea utumwa wa kwao mbele ya wasomaji wa Ulaya. Wajakazi waliomkanda na kumvisha wamo katika kurasa zake, lakini wengi wao hawana majina.