Santuri na Mwizi: Filamu za Vugiri, 1935–1937

Tukiandika historia ya maonyesho mkoani Tanga, Vugiri huko Usambara tunaipita tu. Kumbe ndiko Meja L. A. Notcutt, aliyewahi kusimamia mashamba ya mkonge, na G. C. Latham walikotengenezea filamu 35 kati ya 1935 na 1937, chini ya Baraza la Kimataifa la Misheni, kwa fedha za Carnegie.

Dini na mchezo vilikaa nyumba moja bila kuelewana. Picha zenyewe zilikuwa bubu. Maneno yalitoka kwenye santuri. Chukua filamu ya benki ya akiba ya posta: mmoja anafukia pesa zake, mwizi anazifukua, mwenzake aliyeweka posta anasalimika. Funzo ni wazi. Lakini hebu tujiulize, nani anabeba mchezo? Mwizi! Bila yeye hakuna kisa, na mhubiri hana pa kuanzia.

Kwa maoni yangu, kuziita filamu hizi kasumba ya mkoloni, basi, hakutoshi. Mhakiki anayesikiliza santuri peke yake anawafuta Waafrika walioigiza, nao ni miongoni mwa waigizaji wetu wa mwanzo wa filamu.