Kuvunjwa kwa Halmashauri ya Jiji la Dar es Salaam

Tarehe 24 Februari 2021 Rais John Magufuli aliivunja Halmashauri ya Jiji la Dar es Salaam, na hadhi ya jiji akaipa Manispaa ya Ilala. Wengi walistaajabu, lakini tukitazama habari za nyuma twaona kwamba mji huu ulikwisha kuyazoea mambo hayo.

Kuanzia mwaka 1972 serikali iliondoa mabaraza ya wenyeji katika Tanzania Bara, na kazi zao zikashikwa na maofisa wa mikoa. Miji ikachakaa, taka zikarundikana, kipindupindu kikaingia. Hata mwaka 1978 mabaraza ya miji yakarudishwa kwa sheria. Mwaka 1996 halmashauri ya Dar es Salaam ikavunjwa tena, ikawekwa Tume chini ya Charles Keenja hata mwaka 2000. Ndipo zilipoundwa manispaa tatu, Ilala, Kinondoni na Temeke (Ubungo na Kigamboni zilifuata baadaye), na juu yao halmashauri ya jiji kwa mambo yaliyozihusu zote.

Walioikataa halmashauri hiyo ya juu walikuwa na hoja nzito. Haikuwa na eneo lake wala wapiga kura wake. Madiwani wake walitoka katika manispaa zile zile, nao walihitaji posho za vikao vya pili. Mtu wa Temeke alikuwa na Mameya wawili, asijue amwendee yupi kwa ajili ya mtaro wake. Watetezi nao walikuwa na lao: taka za manispaa zote zilikwenda dampo moja la Pugu Kinyamwezi, na mto Msimbazi hauulizi mpaka wa Ilala na Kinondoni.

Sisi twaona posho ni jambo dogo katika shauri hili. Hata jina si kitu: kwa sheria jiji ni Ilala peke yake, lakini mtu wa Mbagala akiulizwa akaako, hujibu "Dar es Salaam" bila kusita. Jambo kubwa ni kwamba kazi za pamoja hazikufa pamoja na halmashauri, bali zilihamia kwa Mkuu wa Mkoa na kwa serikali kuu. Mvua ikinyesha, mtu wa Jangwani ana Meya wake ng'ambo hii, na wa Kigogo ana wake ng'ambo ya pili. Wenye kuamua juu ya mto wenyewe ni maofisa ambao hakuna hata mmoja wa hao wawili aliyewapigia kura.