Kutoka Disketi hadi Seva: Funguo za Programu za Ofisi

Mhasibu aliyenunua Lotus 1-2-3 mwaka 1983 alilazimika kuchomeka disketi halisi ya programu hiyo kila alipotaka kuifungua. Disketi ikiharibika, kazi imelala. Lakini angalau ufunguo ulikuwa mkononi mwake.

Zikafuata zama za namba. Windows 95 iliuliza namba iliyokuja na CD, na ukaguzi wake ulikuwa wa kitoto: jumla ya tarakimu saba za mwisho ikigawanyika kwa 7, mlango unafunguka. Ndiyo maana 1111111 ilipita bila swali.

Office XP, iliyotoka Mei 2001, ilikuja na masharti mapya. Ufunguo wa herufi na tarakimu 25 haukutosha. Programu ilitaka pia kuamilishwa kwa kuwasiliana na seva za Microsoft. Aliyekaidi aliifungua mara 50, kisha akabaki kusoma nyaraka zake asiweze kuhifadhi hata mstari mmoja mpya. Asiye na intaneti alipiga simu, akasoma mlolongo mrefu wa tarakimu, akasomewa nyingine 42 za kuandika. Shughuli pevu, hasa laini ikikwaruza.

Wengi walihofu kwamba wanachunguzwa. Julai 2001, kampuni ya Fully Licensed ya Berlin ilichambua mfumo kama huo ndani ya Windows XP, ikakuta unatazama sifa kumi za mashine, zikiwemo diski kuu, kadi ya mtandao na kiasi cha RAM. Kifaa kimoja kikibadilishwa, hakuna neno. Vikibadilishwa vingi, mfumo unaamini umehamishiwa kompyuta nyingine na kudai kuamilishwa upya. Wateja waliotoka kwa fundi na bodi kuu mpya waliujua vizuri ujumbe huo.

Sababu nyingine ya uamilishaji kukwama ni ndogo mno: betri ya CR2032 ikifa, saa ya kompyuta hurudi nyuma miaka mingi, na mawasiliano salama na seva hukataliwa. Fundi mzoefu hutazama tarehe kabla ya kulaumu leseni.

Na seva yenyewe ikiondoka? Adobe ilizima seva za kuamilisha CS2, kifurushi chenye Photoshop, na Acrobat 7, na Januari 2013 ikajikuta ikigawa matoleo yasiyohitaji kuamilishwa, pamoja na namba zake, kwa waliokwisha kulipa. Uvumi ukaenea kwamba Photoshop sasa ni bure, kampuni ikalazimika kukanusha.

Microsoft iliacha kuihudumia Office 2010 tarehe 13 Oktoba 2020, bila kuizima. Nakala zilizokwisha kuamilishwa ziliendelea kufunguka; mwenye shida alikuwa yule aliyetaka kuisakinisha upya.