Miaka 75 ya moto wa Ngarenanyuki: jimbo linalopiga kura kwa ardhi

Basi la Ngarenanyuki hupita ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Arusha. Abiria wamekaa na madumu mapajani, nje twiga wanawatazama, na hakuna anayegeuka kuwatazama. Mkishavuka hifadhi mnatokea nyuma ya Mlima Meru, upande ambao mvua huukwepa, kwenye vumbi, nyanya na vitunguu vya kumwagilia. Maji ya huko yana madini ya floraidi kwa wingi, na watoto waliokulia huko huyabeba kwenye meno yao ya rangi ya kahawia. Jina lenyewe la Ngarenanyuki ni la Kimaasai, maana yake maji mekundu.

Novemba 2026 inatimia miaka 75 tangu Wameru wa hapa wachomewe nyumba. Bila kisa hicho siasa za Jimbo la Arumeru Mashariki hazieleweki, hata ukihudhuria mikutano yote ya kampeni pale Leganga.

Mambo ya awali yanajulikana. Mwaka 1896 wamisionari wawili wa Kilutheri, Ovir na Segebrock, waliuawa Akeri, na Wajerumani wakalipiza kisasi bila huruma. Kisha wakaizungushia miteremko ya chini mashamba ya walowezi, wakiwemo Makaburu waliotoka Afrika Kusini baada ya vita vyao na Waingereza. Mmeru akabanwa katikati, juu yake msitu wa serikali na chini yake seng'enge ya mzungu. Vihamba, yaani mashamba ya ukoo, vikagawanywa kwa watoto, kisha kwa wajukuu. Upande wa kaskazini ndio uliobaki wa kupumulia, na Wameru walifika hadi kuyanunua tena baadhi ya mashamba huko kwa fedha zao.

Waingereza wakaja na mpango wao. Tume ya Jaji Wilson ilipendekeza mwaka 1947 kwamba ardhi ya Ngarenanyuki na Leguruki iwe ya walowezi wafugaji, na Wameru wahamie King'ori, tambarare ya joto na malaria. Wameru walikataa. Novemba 1951 askari wakaingia. Watu wapatao 3,000 waliondolewa, vyombo vikatolewa nje, nyumba zikatiwa moto, na kanisa nalo halikusalimika. Mifugo ilikufa njiani. Wengi hawakukanyaga King'ori waliyoandaliwa. Walipanda kwa ndugu zao mlimani, kulikokuwa kumeshajaa.

Hapa ninamfuata Kirilo Japhet, msemaji wa Wameru, katika kitabu alichoandika na wakili wake Earle Seaton, Mbermuda aliyekuwa na ofisi Moshi. Kilitoka mwaka 1967. Ni kitabu cha mlalamikaji, na kinasomeka hivyo. Wameru walichangishana fedha, wakamtuma Kirilo New York. Mwaka 1952 akasimama mbele ya Umoja wa Mataifa, miaka mitatu kabla ya Nyerere kufika hapo, akawaeleza wakubwa wa dunia habari ya kijiji wasichoweza hata kukitamka. Kamati ya Nne ilimsikiliza na kupitisha azimio la kutaka Wameru warudishiwe ardhi. Lilipofika Baraza Kuu, theluthi mbili za kura hazikutimia. Kirilo akarudi mikono mitupu, lakini akarudi akiwa na habari ya kusimulia, na TANU ilipozaliwa mwaka 1954 ilimkuta Mmeru ameshajifunza kuchanga, kuandamana na kudai. Nyumbani Mangi Sante, aliyeonekana mtu wa serikali, alikuwa ameshakataliwa, na Sylvanus Kaaya akachaguliwa kushika kiti.

Angalia majina. Kaaya, Pallangyo, Nassari, Sumari, Sarakikya, Mbise: yote ni ya koo. Karatasi ya kura ya Meru ni kama daftari la washili, viongozi wa koo, na mgeni akidhani wagombea wanashindana kwa vyama tu atakuwa amesoma nusu ya karatasi.

Ardhi ilirudi jukwaani mwaka 2012. Mbunge Jeremia Sumari wa CCM alifariki Januari, na mwanawe Sioi akasimamishwa kumrithi. Rais mstaafu Mkapa aliletwa kumnadi. Chadema ikamsimamisha Joshua Nassari, kijana aliyeshindwa na Sumari baba mwaka 2010 na ambaye vijana walimwita Dogo Janja. Hoja iliyowasha moto ilikuwa ileile ya mashamba makubwa: nani anayamiliki, na kwa nini mjukuu wa aliyechomewa nyumba analima robo eka. Aprili 1 Nassari alipata kura 32,972, Sioi 26,757.

Mashamba hayakuhama. Nassari alirudi bungeni mwaka 2015. Mwaka 2019 Spika alitangaza kiti kiko wazi kwa sababu ya utoro wa mikutano mitatu, John Pallangyo wa CCM akapita bila kupingwa, na miaka miwili baadaye Nassari, akiwa ameshahamia CCM, aliteuliwa mkuu wa wilaya Bunda. Kwa jimbo lililowahi kumsafirisha mtu wake hadi New York kwa michango ya wakulima, mbunge asiyepigiwa hata kura moja ni aibu.

Halmashauri ya Meru ina nafasi Novemba hii. Kitabu cha Kirilo kipelekwe kwa Kiswahili katika kila sekondari ya jimbo, tukianza na za Ngarenanyuki na Leguruki. Na wanaoutaka ubunge wapande lile basi, wakae na abiria mpaka mwisho wa safari, wanywe na maji ya huko.