Kalamu ya Jenerali na Vita vya Ziwa Tanganyika

Picha ambayo watu wengi wanayo kuhusu Vita Kuu ya Kwanza katika Afrika Mashariki imetokana kwa sehemu kubwa na kitabu kimoja: Meine Erinnerungen aus Ostafrika, kumbukumbu za Jenerali Paul von Lettow-Vorbeck, kamanda wa jeshi la koloni la Kijerumani. Kilichapishwa Leipzig mwaka 1920, na mwaka huohuo tafsiri ya Kiingereza ikawa madukani London. Jenerali hakuishia hapo. Mwaka 1920 ulishuhudia pia Heia Safari!, kitabu chepesi alichowaandikia vijana wa Ujerumani. Ukanda wa Kigoma na Ujiji unafaa sana kupimia nguvu ya vitabu hivyo. Vita vilipita hapo kwa kishindo, na mwandishi hakupigana hapo hata siku moja.

Reli ya Kati ilifika Kigoma mwanzoni mwa mwaka 1914, miezi michache tu kabla ya vita. Ujiji, mji wa zamani wa misafara ya pembe na watumwa, ulianza kupitwa na jirani yake mwenye bandari yenye kina. Vita vilipoanza, mabaharia wa meli ya Möwe, iliyozamishwa na Wajerumani wenyewe huko Dar es Salaam, walipelekwa Kigoma kwa treni chini ya Kapteni Gustav Zimmer. Agosti 1914 meli ndogo ya Hedwig von Wissmann iliivamia Alexandre Delcommune ya Wabelgiji upande wa pili wa ziwa, na tangu hapo Wajerumani wakatamba majini. Februari 1915 walishusha Graf von Götzen, meli iliyoundwa Papenburg kaskazini mwa Ujerumani, ikafunguliwa vipandevipande, ikafungwa kwenye maelfu ya makasha na kuunganishwa upya Kigoma. Kwa meli hiyo waliweza kuhamisha mamia ya askari kutoka ncha moja ya ziwa hadi nyingine kabla adui hajajua wameondoka.

Ubabe huo ulivunjwa na boti mbili za Kiingereza, Mimi na Toutou, zilizosafirishwa kutoka London hadi Cape Town, zikapandishwa reli, zikavutwa kwa mashine za mvuke na maksai kuvuka milima ya Mitumba, zikateremka mto Lualaba na kuingia ziwani upande wa Kongo Desemba 1915. Siku ya pili ya Krismasi zilikamata boti ya Kijerumani ya Kingani, na tarehe 9 Februari 1916 zikaizamisha Hedwig von Wissmann. Katikati ya mwaka huo ndege za Wabelgiji zilianza kuangusha mabomu Kigoma, huku majeshi yao yakishuka kutoka Rwanda na Burundi. Tarehe 26 Julai 1916 Wajerumani waliipaka mitambo ya Götzen grisi nyingi ili isiote kutu, kisha wakaizamisha. Siku mbili baadaye Wabelgiji waliingia Kigoma, na mwanzoni mwa Agosti wakaingia Ujiji. Tabora ilianguka mikononi mwao tarehe 19 Septemba.

Wakati hayo yakitokea, Lettow-Vorbeck alikuwa Kilimanjaro, halafu kwenye njia ya kurudi nyuma kuelekea Morogoro na Rufiji. Upande wa magharibi aliuachia Kurt Wahle, jenerali mstaafu aliyekuja koloni kumtembelea mwanawe, akanaswa na vita, akakubali kutumika chini ya mtu mwenye cheo cha chini kuliko chake. Kwa hiyo katika kumbukumbu za kamanda mkuu ziwa ni ubawa wa mbali, na habari zake zinaletwa kwa simu na barua. Hakuna hila ndani ya hilo. Kila mwandishi wa kumbukumbu huona vita kutoka pale alipokaa. Shida huanza pale kitabu cha mtu mmoja kinaposomwa kama historia ya nchi nzima, na yale aliyoyapitia haraka yakahesabiwa kuwa madogo. Wahle naye aliandika kumbukumbu zake, nazo zikatoka mwaka 1920, lakini hazikupata hata sehemu ndogo ya wasomaji wa mkubwa wake wa kazi.

Pengo la ziwa lilijazwa na Waingereza, nao walilijaza kwa vichekesho. Geoffrey Spicer-Simson, kamanda wa Mimi na Toutou, alikuwa mtu wa majivuno, aliyependa kuvaa sketi na kuonyesha chale zake, na wenzake hawakumsahau katika masimulizi yao. Mwaka 1935 C. S. Forester alitoa riwaya ya The African Queen, ambayo mkasa wake unafanana na habari za ziwani, na mwaka 1951 ikawa filamu maarufu. Mwaka 1968 Peter Shankland aliandika The Phantom Flotilla. Mwaka 2004 Giles Foden akafuata na Mimi and Toutou Go Forth. Matokeo yake, mgeni anayefika Kigoma leo huwa anaijua meli ya Liemba, yaani ileile Götzen iliyoopolewa na kurudishwa kazini mwaka 1927, kama meli ya sinema. Wakazi wa mwambao wa Kasanga, Kipili na Karema wameijua kwa gunia la dagaa, foleni ya tiketi na safari ya Mpulungu, na Wakongo wengi wanaikumbuka kwa kuwarudisha kwao kutoka kambi za wakimbizi mwaka 1997. Katika vitabu hivyo vya kusisimua, vibarua wa Katanga waliofyeka njia na kujenga madaraja ili boti zivuke milima ni mandhari tu, hawatajwi kwa majina.

Walioshika Kigoma hasa, Wabelgiji, ndio waliosahauliwa kuliko wote. Utawala wao magharibi mwa Tanganyika uliendelea hadi Machi 1921, na kamishna wao wa maeneo yaliyotekwa, Justin Malfeyt, alifanya makao yake Kigoma. Waingereza walipokabidhiwa eneo hilo, Ubelgiji ilibaki na Ruanda-Urundi, pamoja na haki ya kutumia sehemu ya bandari za Kigoma na Dar es Salaam kwa kodi ya faranga moja kwa mwaka. Ni miaka karibu mitano ya utawala, lakini simulizi ya kawaida ya shule huruka moja kwa moja kutoka kwa Mjerumani hadi kwa Mwingereza. Jenerali Charles Tombeur, aliyeongoza mashambulizi ya Wabelgiji, alipewa ubaroni na jina la Tabora likaunganishwa na lake. Brussels kuna mtaa unaoitwa Tabora. Lakini hakuandika kitabu cha kusomwa na umma kinachoweza kushindana na cha Lettow-Vorbeck. Historia rasmi ya jeshi la Kongo ya Kibelgiji ilichapishwa kwa Kifaransa kwa ajili ya wanajeshi, ikabaki kwenye rafu zao. Katika shindano la kumbukumbu, aliyeshinda Tabora alishindwa na aliyeiacha.

Ushindi huo wa kalamu ulikuwa na sababu za kisiasa. Lettow-Vorbeck alisalimisha silaha Abercorn, sasa Mbala, tarehe 25 Novemba 1918, wiki mbili baada ya vita kwisha Ulaya, akiwa na Wazungu 155 na askari zaidi ya 1,100. Aliporudi alipita na watu wake kwenye Lango la Brandenburg mjini Berlin, Machi 1919, mbele ya umati uliokosa mashujaa wengine wa kushangilia. Mkataba wa Versailles ukaipokonya Ujerumani makoloni yake, na moja ya hoja zilizotumika ni kwamba Wajerumani hawakufaa kutawala Waafrika. Kitabu kilichotoka mwaka uliofuata kilikuwa jibu. Kilisema kwamba kikosi kidogo kilishikilia majeshi makubwa ambayo yangepelekwa Ulaya, na kwamba askari Mwafrika alimfuata Mjerumani hadi mwisho kwa hiari na mapenzi. Aliyekubali hoja ya pili alikuwa ameshakubali nusu ya madai ya kurudishiwa makoloni.

Hoja zote mbili zina ukweli ndani yake, lakini zimevutwa kupita kiasi. Majenerali wa adui, kwa hesabu ya mwandishi, walikuwa 137 na askari wao karibu 300,000. Wengi wa askari hao, hata hivyo, walikuwa Waafrika, Wahindi na Makaburu, na Uingereza haikuwa na mpango wa kuwapeleka askari Waafrika kwenye mahandaki ya Ufaransa. Kuhusu uaminifu, askari wengi walitoroka mwaka 1917 mshahara ulipogeuka kuwa karatasi za ahadi na njia ikaelekea kusini, mbali na kwao. Waliobaki walikuwa na sababu zao: wake na watoto waliosafiri na kikosi, hadhi waliyoizoea, na hofu ya kulipiziwa kisasi na vijiji walivyopora. Heinrich Schnee, gavana aliyekuwa na mamlaka juu ya jenerali kisheria na aliyetaka koloni likwepe vita, katika kumbukumbu hizo anabaki kikwazo cha kuudhi tu.

Lakini upungufu mkubwa zaidi ni wa wapagazi. Hesabu ya vifo vya upande wa adui aliyoitoa jenerali inawataja Wazungu, Wahindi na askari weusi. Wabeba mizigo hawana safu yao. Waingereza peke yao walitumia wapagazi wapatao milioni moja, na wanahistoria hukadiria waliokufa kuwa karibu 100,000, wengi kwa kuhara, malaria na njaa. Wabelgiji walitumia zaidi ya 200,000, na kila kasha la risasi lililotoka Kongo kwenda Tabora lilibebwa na mtu katika sehemu fulani ya njia. Wajerumani hawakuacha hesabu inayoaminika. Wapagazi wao walichukuliwa kwa wingi kutoka kwa Wanyamwezi, Wasukuma na Wamanyema, watu ambao biashara ya Ujiji na Tabora iliwajua kwa vizazi kama mabingwa wa kusafiri kwa ujira. Vita viliigeuza kazi hiyo ya heshima kuwa kifungo cha kamba shingoni.

Daktari wa kikosi cha Lettow-Vorbeck, Ludwig Deppe, alitoa kitabu chake mwaka 1919, mwaka mmoja kabla ya mkubwa wake, na humo alikiri kwamba walikopita waliacha mashamba yaliyoharibiwa, maghala matupu na njaa. Huko Ugogo njaa hiyo ina jina, Mtunya, na iliua maelfu ya watu kati ya 1917 na 1920. Jenerali naye anaeleza jinsi chakula kilivyotafutwa, kwa ustadi wa mtaalamu anayejua mtama unaiva lini na wapi. Anavyosimulia, kulisha kikosi ni fumbo lililofumbuliwa vizuri. Mwenye shamba haonekani.

Mfano wa mtazamo huo unapatikana Kigoma yenyewe. Baada ya kusalimu amri, kikosi kilishuka Bismarckburg, sasa Kasanga, kikapanda meli hadi Kigoma ili kuchukua treni kwenda Dar es Salaam. Lettow-Vorbeck anakumbuka jinsi Wabelgiji walivyowaandalia Wazungu wake meza zenye vitambaa vyeupe na mvinyo mwekundu, vitu ambavyo hawakuviona kwa miaka. Ni ukurasa wenye ubinadamu, na hakuna sababu ya kuutilia shaka. Ila wakati huohuo homa ya mafua ya mwaka 1918 ilikuwa ikiwaua askari na wapagazi waliosafiri naye, na bandari aliyokula chakula hicho ilikuwa imekaa miaka miwili chini ya jeshi la kigeni lililoishi kwa nafaka na mabega ya wenyeji.

Kitabu cha jenerali kingeweza kuzeeka na kusahauliwa kama vingine. Kilichokiokoa ni uhaba wa washindani. Historia rasmi ya Waingereza ilitoa juzuu moja tu, mwaka 1941, nayo inakoma Septemba 1916, mwezi uleule Tabora ilipoanguka. Juzuu ya pili haikukamilika. Nyaraka za jeshi la Ujerumani zilizohifadhiwa Potsdam ziliteketea kwa mabomu Aprili 1945. Hivyo kwa miaka miwili iliyoua watu wengi zaidi, watafiti waliendelea kuegemea maneno ya kamanda. Adui zake nao walimsaidia: Waingereza walimwalika kwenye karamu London mwaka 1929, kwani kumsifu aliyekuponyoka miaka minne ni njia mojawapo ya kujisitiri. Vitabu maarufu vya miaka ya 1960 na 1970 vilirudia sura yake ya muungwana wa porini. Mwaka 1964, alipofariki, bunge la Ujerumani Magharibi lilikubali kuwalipa askari wazee waliobaki, na simulizi ikaenea kwamba waliokosa vyeti walipewa fagio kama bunduki na kuamriwa kwa Kijerumani, wakatii bila kosa. Simulizi hiyo inapendeza mno, na inafaa kusomwa kwa tahadhari ileile inayostahili Heia Safari!

Marekebisho yamekuja pole pole. Eckard Michels na Uwe Schulte-Varendorff wamemchambua jenerali kwa Kijerumani, pamoja na utumishi wake Namibia wakati wa kuwaangamiza Waherero na ushiriki wake katika jaribio la mapinduzi la Kapp mwaka 1920. Miji kadhaa ya Ujerumani imeondoa jina lake mitaani. Edward Paice ameuweka mzigo wa wapagazi katikati ya vita, Michelle Moyd amewaandika askari kama watu wenye malengo yao, na Abdulrazak Gurnah katika Afterlives amempa mmoja wao riwaya. Kwa mwambao wa Tanganyika kazi imebaki nyuma. Ushahidi wake umetawanyika Brussels kwenye nyaraka za utawala wa Malfeyt, na katika shajara ambazo Wamisionari wa Afrika waliagizwa na Kardinali Lavigerie kuziandika katika kila kituo, kikiwemo Karema. Nyingi ya karatasi hizo ni za Kifaransa, lugha ambayo wanafunzi wachache wa historia nchini Tanzania hufundishwa.