Jina Mlangoni: Matembezi ya Kumbukumbu kutoka Berlin hadi Kawajense

Kawajense, mtaani kwetu Mpanda mkoani Katavi, hatuelekezani kwa namba za nyumba. Mgeni akipiga simu kuuliza njia, anaambiwa apite kwa mama wa mandazi, akifika kwa fundi baiskeli akate kushoto, nyumba ya tatu. Fundi mwenyewe alishazikwa, na banda lake limegeuka kibanda cha kuweka na kutoa pesa kwa simu. Hata hivyo, kijana wa bodaboda aliyezaliwa baada ya msiba ule bado anashusha abiria “kwa fundi”. Kila siku, bila kukusudia, mtaa mzima unamtaja marehemu.

Nimeanza na jambo hilo dogo ili nilipime na desturi ya mbali: matembezi ya miguu katika mitaa ya zamani ya Wayahudi huko Ulaya, ambapo kiongozi hutangulia, wageni wakafuata, na kila baada ya hatua kadhaa watu husimama mbele ya mlango kusikia nani aliishi pale. Ninavyoona, kumbukumbu ya mtaa husimama kwa miguu miwili, alama na msimulizi. Berlin alama zipo, wasimulizi waliuawa au walikimbia. Katavi wasimulizi tunao, alama hatuna. Kila upande una la kujifunza kwa mwenzake, na upande wetu ndio wenye haraka, maana wazee wanaondoka.

Tuanze Berlin. Mwaka 1933, Wanazi walipotwaa madaraka, jiji hilo lilikuwa na Wayahudi takriban 160,000. Wageni wengi huanzia barabara ya Oranienburger Straße, penye Sinagogi Jipya lililofunguliwa mwaka 1866, kuba lake la dhahabu likionekana toka mbali. Dakika chache kwa miguu kuna barabara ya Große Hamburger Straße. Hapo Wayahudi walizika watu wao tangu mwaka 1672, na hapo alizikwa mwanafalsafa Moses Mendelssohn mwaka 1786. Mwaka 1943 Gestapo, polisi wa siri wa Wanazi, waliyavunja makaburi hayo. Leo ni uwanja wa majani na miti, na jiwe la Mendelssohn linaloonekana ni la kumrudishia heshima, kwa kuwa lake la asili halipo. Mgeni huokota kokoto akaiweka juu yake. Ndiyo desturi ya Kiyahudi: maua hunyauka, kokoto hubaki kushuhudia kwamba mtu amefika.

Barabarani humo humo kuna pengo kati ya nyumba mbili, pale palipokuwa na namba 15 na 16 kabla ya bomu la mwaka 1945. Mwaka 1990 msanii Mfaransa Christian Boltanski alikataa kulijaza. Alipachika vibao kwenye kuta za majirani, kila kibao katika kimo cha chumba kilichopotea, kikiwa na jina la mpangaji, kazi yake na miaka aliyokaa. Mtu husimama chini akitazama hewa, akisoma majina ya watu waliowahi kupika na kulala katika hewa hiyo. Mambo matatu tu: jina, kazi, miaka. Tutayarudia.

Halafu kuna mawe ya njiani. Msanii Mjerumani Gunter Demnig alianza katika miaka ya 1990 kupachika ardhini mawe madogo yenye uso wa shaba, sentimita 10 kila upande, mbele ya nyumba ya mwisho aliyoichagua mwenyewe mtu aliyeteswa na Wanazi. Jina la jiwe hilo kwa Kijerumani, Stolperstein, maana yake jiwe la kujikwaa. Mengi huanza kwa maneno yenye maana ya “hapa aliishi”. Ni madogo, hivyo kuyasoma lazima uiname. Shaba hufifia, na wakazi hutoka na kitambaa kuisugua mpaka ing’ae. Mwaka 2023 yalifika 100,000 katika nchi mbalimbali za Ulaya. Wahenga wetu walisema kujikwaa si kuanguka, ni kwenda mbele. Sidhani kama kuna methali ingeyafaa zaidi.

Lakini si Wayahudi wote walioyapokea. Charlotte Knobloch, aliyenusurika akiwa mtoto na baadaye akaongoza jumuiya ya Wayahudi wa Munich, amepinga kwa miaka mingi akisema majina ya waliodhalilishwa hayafai kukanyagwa tena. Mwaka 2004 jiji hilo lilikataa mawe hayo kwenye njia zake. Mtu wa Katavi anaelewa hoja hiyo bila kufafanuliwa. Kwetu kaburi halikanyagwi, na mtoto akilikanyaga bibi yake atamkemea palepale.

Jiwe moja linatuhusu moja kwa moja. Kaskazini kidogo ya mitaa ile ya Berlin, mbele ya namba 193 ya barabara ya Brunnenstraße, tangu mwaka 2007 lipo la Mahjub bin Adam Mohamed, aliyejulikana Ujerumani kama Bayume Mohamed Husen. Alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904, mtoto wa askari wa jeshi la Wajerumani, na vita ya kwanza ya dunia ilimkuta akiwa mtoto akaingizwa jeshini. Mwaka 1929 alifika Berlin kudai mshahara wa baba yake na wake ambao haukulipwa, wakamnyima. Akabaki, akahudumu hotelini, akaigiza filamu, akafundisha Kiswahili. Mwaka 1941 alikamatwa kwa kosa la kuwa na uhusiano na mwanamke Mjerumani mweupe, akapelekwa kambi ya mateso ya Sachsenhausen, akafia humo tarehe 24 Novemba 1944. Hakuwa Myahudi. Walioandika sheria zilizomwua ndio waliowaangamiza Wayahudi, na desturi iliyozaliwa kwa ajili ya majirani zake hao ndiyo iliyomkumbuka mwalimu wa lugha yetu. Mswahili huyu anatajwa mlangoni kwake na wageni. Sisi wenye lugha yake wengi hatumjui hata kwa jina.

Lakini mtu asidhani kwamba urithi wa Kiyahudi ni habari ya waliokwisha. Karibu na Mbale, mashariki mwa Uganda, kiko kilima cha Nabugoye, makao ya Abayudaya, jina ambalo kwa Kiganda ni watu wa Yuda. Jumuiya hiyo ilianzishwa na Semei Kakungulu, kiongozi wa kijeshi aliyesoma Biblia mpaka akashika sheria za Musa, akatahiriwa pamoja na wanawe mwaka 1919. Katika miaka ya 1970 Idi Amin alipiga marufuku ibada yao. Wengi waliacha, wachache wakaendelea kusali kwa siri. Anayekupandisha Nabugoye leo anaweza kukuonyesha kaburi la Kakungulu, kisha akakuimbia sala za jumuiya kwa Kiebrania zenye mahadhi ya Kiafrika. Msimulizi ni mjukuu wa habari anayoisimulia. Berlin ina majina mengi kuliko Nabugoye, ila Nabugoye ina sauti zinazoitika.

Sasa turudi Katavi. Mkoa wenyewe, uliozaliwa mwaka 2012, umebeba jina la Katabi, mzimu ambao wenyeji Wabende husema makao yake ni mkwaju karibu na Ziwa Katavi, ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Katavi. Watu huenda pale kutambika na kuacha sadaka chini ya mti. Kokoto ya Myahudi juu ya kaburi na sadaka ya Mbende chini ya mkwaju si kitu kimoja. Ya kwanza humwambia marehemu “sijakusahau”; ya pili humwambia mzimu “tusaidie”. Zinapokutana ni kwenye miguu: zote mbili hazikubali mtu akumbuke akiwa amekaa nyumbani. Lazima uende.

Kumbukumbu nyingine ya mkoa wetu inakaribiana zaidi na ya Wayahudi. Waliokimbia mauaji ya Burundi ya mwaka 1972 walipewa makazi Katumba na Mishamo, na wengine Ulyankulu mkoani Tabora. Mwanaanthropolojia Liisa Malkki alikaa nao katikati ya miaka ya 1980. Kitabu chake cha mwaka 1995 kinaeleza kwamba watu wa Mishamo walisimuliana historia moja ya pamoja, historia ya taifa lililo uhamishoni, ilhali wenzao waliojichanganya mjini Kigoma hawakuishikilia vile. Wayahudi nao walibeba uhamisho kwa karne nyingi, lakini waliupangia siku na meza: usiku wa Pasaka mtoto ndiye anayeuliza na mzee hana budi kujibu. Watu wa Katumba hawana usiku wa namna hiyo. Zaidi ya 160,000 kati ya wale wa mwaka 1972 na vizazi vyao wamekuwa Watanzania, nami nafurahi kuwaita ndugu. Ila mjukuu anayezaliwa raia asipopewa nafasi ya kuuliza, habari ya babu yake itazikwa na babu.

Wapo Wayahudi, hasa wa asili ya Ulaya Mashariki, ambao humpa mtoto jina la ndugu aliyekufa. Wengine, wa asili ya Hispania, humpa la babu angali hai. Huku kwetu yote mawili yapo, na mtoto mwenye jina la babu huamkiwa kwa heshima ya babu. Hapa tumewafikia kabisa. Tunapopungukiwa ni mlangoni.

Nililigundua hilo jioni moja nilipomwomba mzee jirani yangu tutembee.

“Shikamoo, babu. Naomba unioneshe nani alikaa wapi.”

“Marahaba, mjukuu wangu. Waliokufa nao unawataka?”

“Hao hasa.”

Baba yake alikuja Mpanda kufuata kazi, enzi za mgodi wa madini ya risasi uliotuletea tawi la reli kutoka Kaliua. Mzee alitembea polepole, fimbo mkononi. Alisimama chini ya mwembe akataja jina, kisha kazi, mpiga matofali, kisha miaka, tangu kabla ya Uhuru hadi mvua za el nino. Kwenye kona akataja mwingine kwa mpangilio uleule: jina, kazi, miaka. Hajawahi kusikia habari za Boltanski wala pengo la Große Hamburger Straße, lakini alikuwa anapachika vibao hewani.

Tulipofika “kwa fundi” nikawauliza vijana watatu wa bodaboda fundi aliitwa nani. Wakatazamana. Dada wa kibandani naye hakujua. Kumbe tulichokihifadhi kwa mdomo miaka yote ni kazi tu; jina lilishadondoka njiani, na mtaa mzima haukuhisi. Mzee akalitaja, majina yote mawili, na la baba yake pia.

Nimeliandika kwenye daftari. Jumapili nitakwenda kwa binti yake kuomba ruhusa. Akikubali, litapakwa rangi kwenye nguzo ya kibanda, katika kimo cha macho, mahali ambapo hakuna atakayelikanyaga.