Mbio za wazee wetu ziliandikwa wapi?

Karibu kila mwaka nchi nyingi zinakusanya wakimbiaji wao katika uwanja mmoja ili kumjua bingwa wa taifa. Mtu wa Kasongo ao wa Kabambare akisikia habari hiyo anaweza kusema: hayo ni mambo ya wengine. Mimi nasema ni mambo yetu pia, sababu hapa kwetu miguu ya watu imefanya kazi kubwa kuliko ya uwanja wowote.

Tukumbuke njia ya zamani. Wakati wa Tippu Tip, misafara ilitoka Ujiji, ikavuka ziwa Tanganyika, ikapita Kabambare, ikafika Kasongo na Nyangwe. Pembe za tembo zilirudi kwa njia ile ile, juu ya mabega ya watu. Wengi walikuwa watumwa, na wengi walikufa njiani. Mwaka 1893 askari wa Dhanis waliingia Kasongo, na mwanzoni mwa 1894 Kabambare ikaanguka. Lakini utawala wa Bula Matari haukuondoa mzigo begani. Hata mwaka 1916, wakati wa vita ya kwenda Tabora, wapagazi wa mashariki ya Kongo walichukuliwa kwa maelfu. Kwa hiyo tusijisifu ovyo kama watu waliozaliwa na miguu ya chuma. Miguu hiyo ilifundishwa kwa nguvu.

Jambo moja linaniumiza. Pembe zilihesabiwa, mizigo ilipimwa na kuandikwa. Mtu aliyeibeba hakuandikwa. Nani alitembea upesi kuliko wenzake kati ya Kabambare na Kasongo? Siku ngapi? Daftari haziko.

Sasa tutazame jirani zetu wa Kenya. Huko pia ukoloni ulikuwa mkali, lakini mwaka 1951 kilianzishwa chama cha riadha cha nchi nzima. Mwezi wa saba 1954 wakimbiaji wawili, Lazaro Chepkwony na Nyandika Maiyoro, walipelekwa London, katika mashindano ya taifa ya Uingereza. Mashindano hayo yalianza mwaka 1880, na wageni waliruhusiwa kuingia. Chepkwony alikimbia maili 6, akaumia mguu, akaacha. Kesho yake Maiyoro aliingia maili 3, yaani karibu mita 4,828. Mbele yake Waingereza wawili, Green na Chataway, walivunja rekodi ya dunia kwa dakika 13 na sekunde 32.2. Yeye alikuwa wa tatu, kwa dakika 13 na sekunde 54.8. Mwezi uliofuata, kule Vancouver, akawa wa nne katika michezo ya Jumuiya ya Madola.

Maiyoro hakushinda. Lakini zaidi ya miaka 70 imepita, na mimi mwalimu wa Maniema naweza kukuambia alikimbia kwa dakika ngapi. Hiyo ndiyo faida ya mashindano ya taifa. Watu wanadhani ni uwanja, bendera na medali. Kwanza kabisa ni kipimo na daftari. Aliyekuja nyuma ya Maiyoro alijua namba ya kuishinda.

Na Kongo yetu? Gary Kikaya, mzaliwa wa Kinshasa, alikimbia mita 400 kwa sekunde 44.10 mwaka 2006 kule Stuttgart. Ilikuwa rekodi ya Afrika mpaka 2014. Lakini alikomaa kimchezo katika chuo kikuu cha Marekani. Makorobondo Salukombo, wa Kivu ya Kaskazini, aliishi Marekani pia, kisha akarudi kufundisha vijana wa Kirotshe, karibu na Goma. Mwaka 2016 alikimbia maratoni ya Olimpiki kule Rio de Janeiro. Yeye alirudi na saa mkononi, akaanza kupima watoto wa kwao.

Sisi je? Mimi mwenyewe nina kosa la kuungama. Miaka mingi iliyopita, katika mashindano ya mwisho wa mwaka, kijana mmoja wa darasa langu aliwaacha wenzake mbali kabisa. Tulipiga makofi, tukampa zawadi ya daftari mbili na kalamu. Hakuna aliyepima uwanja, hakuna aliyetazama saa. Siku hizi anasukuma baiskeli yenye bidoni za mafuta ya mawese, kilomita na kilomita, njia ile ile ya wapagazi. Nilikutana naye, akaniuliza akicheka: "Mwalimu, siku ile nilikimbia kwa dakika ngapi?" Sikuwa na jibu. Tulimpa daftari, lakini jina lake hatukuliandika ndani ya daftari yoyote.

Tusingoje serikali itujengee uwanja. Kamba ya mita 50 iliyopimwa vizuri, ukiipanga mara nane kuzunguka kiwanja, inatoa mita 400. Saa ya simu inatosha. Kila shule iandike jina, umri, umbali, dakika na tarehe, na daftari ikae kwa mkubwa wa shule, isiende nyumbani kwa mtu. Siku barabara ya Kindu itakapofunguka vizuri na mashindano ya jimbo yatakapoitwa, tutajua nani wa kupeleka.

Wazee wetu walibeba mizigo ya wengine, majina yao yakapotea porini. Wajukuu wao wanakimbia bila mzigo. Angalau tuwaandike.